Jipu la Msuli wa Soasi kati ya Kisu na Chanzo: Historia ya Utambuzi na Tiba, 1779–1996

1.0 Utangulizi

Mgonjwa mwenye jipu la msuli wa soasi mara nyingi hufika kwa tabibu akilalamikia mahali pengine. Hulalamikia nyonga, goti, mgongo au tumbo. Huchechemea, hupata homa na kukonda, lakini hana uvimbe ulioiva unaoweza kuonekana kwa macho. Usaha umejikusanya nyuma ya matumbo, ndani ya msuli ambao mkono wa tabibu haufiki kwa urahisi. Kwa sababu hiyo, historia ya ugonjwa huu ni historia ya watu waliolazimika kuamua juu ya jambo wasiloliona, na gharama ya uamuzi huo ilikuwa uhai wa mgonjwa. Waliopasua bila kujua usaha ulikotoka waliwaua wengi. Waliongoja bila kujua walichokuwa wakikingoja waliwaua wengine.

Insha hii inajadili jinsi utambuzi na tiba ya jipu hili ulivyobadilika kuanzia mwishoni mwa karne ya 18 hadi mwishoni mwa karne ya 20. Hoja yake kuu ni kwamba katika kila kipindi mafanikio ya tiba yalitegemea zaidi ujuzi wa chanzo cha usaha kuliko ustadi wa kuufungulia njia. Kutokana na hoja hiyo kunazuka ya pili: mgawanyo uliozoeleka katika vitabu vya tiba, kati ya jipu la awali na jipu fuatizi, haukuwa kioo safi cha maumbile ya ugonjwa. Kwa sehemu kubwa ulionyesha uwezo wa vyombo vilivyokuwa mikononi mwa matabibu, na hasa hivyo ndivyo unavyopaswa kusomwa pale unapohusishwa na bara la Afrika.

Katika insha hii, jipu la awali ni lile linalosemekana kuanzia msulini wenyewe, kwa bakteria waliosafirishwa na damu, bila ugonjwa unaojulikana katika kiungo cha jirani. Jipu fuatizi ni lile linalotokana na ugonjwa wa kiungo kilicho karibu, kama vile pingili za uti wa mgongo, figo, utumbo mpana au kidole tumbo.

2.0 Msuli Uliojificha na Majina ya Uvimbe

Msuli wa soasi huanzia ubavuni mwa pingili ya mwisho ya kifua na pingili za kiuno. Hushuka kupitia ukingo wa nyonga, hupita chini ya kano ya kinena, kisha hujishikiza kwenye kinundu kidogo cha upande wa ndani wa mfupa wa paja. Njiani huungana na msuli wa iliaki, uliotandaa ndani ya mfupa wa nyonga, na kwa pamoja misuli hiyo huitwa iliosoasi. Kazi yake kubwa ni kukunja paja kuelekea tumboni. Ndiyo maana mgonjwa hupendelea kulala akiwa amekunja paja, na hupata maumivu makali linaponyooshwa kuelekea nyuma.

Jambo lililowatatiza matabibu kwa muda mrefu ni utando unaouzunguka msuli huo. Usaha unaotoka katika pingili iliyooza huingia ndani ya utando na kushuka kama maji ndani ya mfereji, hadi ujitokeze kinenani au sehemu ya juu ya paja. Mwili basi huonyesha mwisho wa safari ya usaha na kuficha mwanzo wake. Uvimbe wa kinenani unaweza kupungua mgonjwa anapolala na kutuna anapokohoa, dalili ambazo pia ni za ngiri. Wapasuaji wa Ulaya wa karne ya 18 na 19 walilijua kosa hilo na kuonya dhidi yake.

Utata huo unaeleweka vizuri hata kwa msamiati wa Kiswahili. Uvimbe wa kinena una majina kadhaa: mtoki, ngiri, jipu. Kila jina lina njia yake ya kufikiri. Anayesema mtoki hutafuta kidonda mguuni. Anayesema ngiri huwazia utumbo ulioshuka. Anayesema jipu hungoja liive litumbuliwe. Mgongo uliopinda nao una jina lake, kibiongo. Majina hayo yanataja mahali na umbo, na hakuna hata moja linaloufunga mgongo na kinena pamoja. Kuvifunga viwili hivyo katika ugonjwa mmoja ndiyo kazi ya kwanza iliyofanywa na historia inayosimuliwa hapa.

3.0 Kisu Kabla ya Chanzo, 1779–1867

Wazo kwamba kibiongo na jipu la kinena vinahusiana ni la kale. Maandishi ya Kiyunani yanayohusishwa na Hippocrates, katika kitabu kinachohusu viungo, yanaeleza kuwa baadhi ya watu wenye kibiongo kilicho chini ya kiwambo kinachotenganisha kifua na tumbo hupata majipu sugu ya kiuno na kinena yasiyopona kwa urahisi. Hata hivyo, maelezo hayo yalibaki kuwa uangalizi tu. Hayakueleza kilichokuwa kikitokea ndani ya mifupa.

Mabadiliko yalianza mwaka 1779. Percivall Pott, mpasuaji wa Hospitali ya St Bartholomew's jijini London, alichapisha andiko kuhusu kupooza kwa miguu kunakoandamana na kupinda kwa uti wa mgongo. Mwaka huohuo Jean-Pierre David wa Rouen, nchini Ufaransa, alieleza ugonjwa uleule. Mchango wa Pott ulikuwa kugeuza mpangilio wa sababu na matokeo: mgongo haukupinda kwanza ndipo ukaugua, bali mifupa ya pingili iliugua na kuoza kwanza, na kupinda kukafuata. Tiba aliyoipendekeza iliendana na fikra za wakati wake. Ngozi ya pande mbili za kibiongo ilichomwa kwa dawa kali, na vidonda vilivyopatikana viliachwa vitoe usaha kwa muda mrefu. Leo tiba hiyo haina mtetezi, lakini iliwaelekeza wapasuaji kwenye mfupa.

Jipu lenyewe lilibaki kuwa tatizo la kuogofya. Lilipopasuliwa wazi, usaha mwingi ulitoka na mgonjwa alipata nafuu ya siku chache. Kisha homa ilipanda, usaha ulianza kunuka, mwili ulinyong'onyea, na wengi walikufa. John Abernethy, aliyekuwa pia mpasuaji wa St Bartholomew's, alijaribu kutoka katika mtego huo katika insha yake kuhusu jipu la kiuno iliyochapishwa mwaka 1793. Alitoboa tundu dogo la mshazari, mithili ya kilango kinachojifunga chenyewe, akautoa usaha, kisha akaifunga ngozi ili ipone. Jipu lilipojaa tena, alirudia. Nia yake ilikuwa kupunguza ukubwa wa uwazi bila kuuacha wazi. Abernethy hakuwa na nadharia ya vijidudu, lakini alikuwa ametambua kwa uzoefu kwamba hatari iliingia kupitia mlango uleule ambao usaha ulitokea.

Maelezo ya hatari hiyo yalikuja na Joseph Lister. Katika makala zake za mwaka 1867, zilizochapishwa katika jarida la Lancet, Lister hakuzungumzia mifupa iliyovunjika peke yake. Alizungumzia pia majipu, likiwemo la soasi. Kitambaa kilicholoweshwa katika mchanganyiko wa asidi ya kaboliki na mafuta ya kitani kiliwekwa juu ya ngozi, kisu kikapitishwa chini yake, na usaha ukatoka bila hewa kuruhusiwa kugusa jeraha moja kwa moja. Kisha jeraha lilifunikwa kwa lahamu ya chokaa iliyochanganywa na asidi hiyohiyo. Kwa utaratibu huu kufungua jipu la soasi kulianza kuwa jambo ambalo mgonjwa angeweza kulihimili.

Hata hivyo, ushindi wa Lister ulikuwa na mpaka. Asidi ya kaboliki ilizuia vijidudu vipya kuingia. Haikugusa ugonjwa uliokuwa tayari katika pingili. Mrija wa usaha uliweza kuendelea kutiririka kwa miezi au miaka kwa sababu chemchemi yake haikuzibwa. Kufikia mwaka 1867 basi, kisu kilikuwa kimekuwa salama zaidi, ilhali chanzo kilikuwa bado hakijajulikana.

4.0 Jina Moja, Magonjwa Mawili: 1880–1921

Miaka kati ya 1880 na 1884 ndiyo iliyoligawa jipu la soasi katika magonjwa mawili. Alexander Ogston, mpasuaji wa Aberdeen nchini Uskoti, alichunguza usaha wa majipu kwa hadubini na kueleza kuwa majipu ya ghafla yalikuwa na bakteria wa duara, ambao wale waliojikusanya kama kichala cha zabibu aliwaita stafilokoka mwaka 1882. Katika majipu baridi, yaani yale yanayokua polepole bila joto wala wekundu, hakuwaona. Mwaka 1881 Herman Mynter, daktari mzaliwa wa Denmark aliyefanya kazi Buffalo, New York, alieleza ugonjwa aliouita uvimbe mkali wa soasi, wenye homa, maumivu ya kiuno na kuchechemea. Tarehe 24 Machi 1882 Robert Koch alitangaza mjini Berlin kwamba amemtambua bakteria anayesababisha kifua kikuu. Mwaka 1884 Friedrich Julius Rosenbach alimtofautisha stafilokoka mwenye rangi ya dhahabu, ambaye hadi leo ndiye kisababishi kikuu cha majipu ya misuli.

Matukio hayo manne hayakupangwa pamoja, lakini yanapowekwa sambamba yanajibu swali moja. Usaha uliokuwa ukiitwa kwa jina moja ulikuwa na asili mbili. Upande mmoja kulikuwa na jipu baridi la kifua kikuu lililotoka katika pingili, lililokomaa kwa miezi, na ambalo kulifungua ovyo kulimaanisha kuongeza maambukizi mapya juu ya ya zamani. Upande wa pili kulikuwa na jipu la ghafla la stafilokoka, lililokua kwa siku au majuma, na ambalo kuchelewa kulifungua kulimaanisha sumu kuenea katika damu. Kanuni iliyomwokoa mgonjwa wa kwanza ilimwangamiza wa pili.

Wapasuaji waliitikia kwa namna tofauti. Frederick Treves wa London alieleza mwaka 1884 njia ya kuingia kupitia kiunoni hadi kwenye pingili zenyewe, ili mfupa uliokufa uondolewe pamoja na usaha. Huko ulikuwa ni kufuata hoja ya chanzo hadi mwisho wake kwa kisu. François Calot wa Berck, katika pwani ya kaskazini ya Ufaransa, alishika njia iliyo kinyume: alilitoboa jipu baridi kwa sindano kupitia ngozi nzima, akavuta usaha, akaingiza dawa, na kukataa katakata kulifungua. Kwa kutenda alikuwa amerudi kwa Abernethy. Kwa sababu alizozitoa alikuwa mwanafunzi wa Koch.

Tatizo lililobaki lilikuwa la kitandani. Maabara iliweza kuyatofautisha majipu mawili baada ya usaha kupatikana, lakini tabibu alihitaji kuamua kabla. Picha za eksirei, zilizogunduliwa na Wilhelm Conrad Röntgen mwaka 1895, zilisaidia kwa kiasi: kivuli cha msuli wa soasi kilichopotea au kututumka kilitia shaka, na pingili iliyoliwa ilithibitisha. Lakini mfupa huonekana umeharibika katika eksirei baada ya sehemu kubwa yake kuwa imekwisha kupotea. Zachary Cope, katika kitabu chake cha mwaka 1921 kuhusu utambuzi wa mapema wa maradhi makali ya tumbo, aliweka mkazo kwenye kipimo cha mkono: mgonjwa alazwe kwa ubavu na paja linyooshwe kuelekea nyuma. Maumivu yakitokea, soasi imeguswa. Kipimo hicho hakihitaji umeme wala maabara na kingali kinafundishwa. Hata hivyo, kinaonyesha kwamba msuli umewashwa bila kusema umewashwa na nini. Kidole tumbo kilichovimba nyuma ya utumbo hutoa jibu lilelile.

5.0 Dawa, Kitanda na Majaribio, 1944–1974

Kabla ya dawa, tiba ya kifua kikuu cha uti wa mgongo ilikuwa muda. Mgonjwa, mara nyingi mtoto, alilazwa kwa miezi au miaka, akafungwa plasta, akapelekwa kwenye jua na hewa safi. Mwaka 1944 Albert Schatz, Elizabeth Bugie na Selman Waksman walitangaza streptomisini. Mwaka 1952 isoniazidi iliingia katika matumizi. Kwa mara ya kwanza chanzo kingeweza kufikiwa kwa njia ya damu, bila kisu kupita popote.

Ujio wa dawa ulizua swali jipya: je, kitanda, plasta na upasuaji vilikuwa bado vinahitajika? Jibu la awali lilitoka Afrika Magharibi. Mwaka 1962 Konstam na Blesovsky walichapisha matokeo ya kuwatibu wagonjwa wa kifua kikuu cha uti wa mgongo nchini Nigeria kwa dawa huku wakiendelea kutembea na kuishi majumbani mwao. Uamuzi huo ulisukumwa na uchache wa vitanda, lakini matokeo yake yalitikisa imani ya vituo vilivyokuwa na vitanda tele. Wakati huohuo, huko Hong Kong, Hodgson na Stock walikuwa wamekwisha kueleza, tangu mwaka 1956, upasuaji mkubwa wa kuifikia pingili kutoka mbele, kuondoa mfupa ulioharibika na kupandikiza mwingine.

Baraza la Utafiti wa Tiba la Uingereza liliyapima maoni hayo kwa majaribio yaliyofanyika katika miji kadhaa. Masan, nchini Korea, walilinganishwa waliolazwa miezi sita na waliotembea. Pusan, katika nchi hiyohiyo, walilinganishwa waliovaa plasta na wasiovaa. Bulawayo, walilinganishwa waliopasuliwa na kusafishwa pingili na waliopewa dawa peke yake. Ripoti zilizotoka kuanzia mwaka 1973 zilionyesha kuwa kulazwa, plasta na kusafisha pingili havikuongeza faida ya maana juu ya dawa zilizomezwa kikamilifu. Upasuaji wa Hong Kong ulipunguza kupinda kwa mgongo na kuharakisha kuungana kwa mifupa, lakini ulihitaji wapasuaji na vifaa ambavyo hospitali nyingi hazikuwa navyo.

Kwa historia ya jipu la soasi, majaribio hayo yana uzito wa pekee. Majipu baridi mengi yalinywea na kutoweka kwa dawa bila kufunguliwa. Swali lililowasumbua Pott, Abernethy, Lister na Calot, yaani namna ya kuutoa usaha bila kumwua mgonjwa, lilipata jibu ambalo hakuna hata mmoja wao aliyelitazamia: mara nyingi hapakuwa na haja ya kuutoa, ilimradi chanzo kimetibiwa. Inafaa pia kutambua kwamba ushahidi huo ulipatikana kwa sehemu kubwa nje ya Ulaya, kutoka kwa wagonjwa wa Nigeria, Korea, Hong Kong na Bulawayo.

6.0 Afrika Mashariki na Jipu la Ghafla

Wakati jipu baridi likipata dawa zake, madaktari wa Afrika Mashariki walikuwa wakikabiliana na upande wa pili wa mgawanyo. Usaha wa misuli unaosababishwa na stafilokoka ulikuwa umeelezwa na Julius Scriba huko Japani mwaka 1885, lakini katika karne ya 20 uliandikwa zaidi kutoka nchi za joto. Nchini Uganda ulionekana mara kwa mara. Mwaka 1968 Horn na Master walichapisha katika East African Medical Journal makala kuhusu ugonjwa huo, na mwaka 1979 Chiedozi alieleza kutoka Nigeria majipu 205 katika wagonjwa 112, akiyagawa maendeleo ya ugonjwa katika hatua tatu: msuli kuwa mgumu na wenye maumivu, usaha kujikusanya, na hatimaye sumu kuenea mwilini.

Msuli wa paja au wa tako ukijaa usaha, mgonjwa na tabibu wote huona na kugusa. Soasi haitoi nafasi hiyo. Hatua ya kwanza hupita kama maumivu ya kiuno yasiyo na maana, na ya pili hufanana na ugonjwa wa nyonga au wa kidole tumbo. Mgonjwa hutambuliwa akiwa katika hatua ya tatu, wakati ambapo viuavijasumu peke yake havitoshi na upasuaji wenyewe umekuwa wa hatari. Hapa kanuni ya jipu la ghafla inabaki kuwa ileile: usaha utolewe mapema na dawa dhidi ya stafilokoka itolewe bila kungoja.

Hospitali iliyokuwa na eksirei na hadubini tu ililazimika kuamua kwa muda wa ugonjwa, joto la mwili na umbo la mgongo. Upande wa kifua kikuu, mipango ya kitaifa ilijengwa juu ya kipimo cha makohozi. Tanzania, kwa ushauri wa Karel Styblo, ilianzisha Mpango wa Taifa wa Kudhibiti Kifua Kikuu na Ukoma mwaka 1977, na mafanikio yake yakawa mfano kwa mataifa mengine. Uamuzi wa kuwatanguliza wanaotoa bakteria kwa kukohoa ulikuwa sahihi kwa nia ya kuzuia maambukizi. Lakini mwenye jipu la soasi huenda asikohoe kabisa, na usaha wa jipu baridi huwa na bakteria wachache wasioonekana kwa urahisi katika hadubini. Mgonjwa huyo alikuwa na dawa zilizomfaa ndani ya stoo ya hospitali, huku akikosa kipimo cha kumfikisha kwenye dawa hizo.

7.0 Picha, Sindano na Takwimu za Mwaka 1986

Vyombo vya kuuona msuli ulio hai vilikuja katika nusu ya pili ya karne ya 20. Ian Donald na wenzake wa Glasgow walionyesha mwaka 1958 matumizi ya mawimbi ya sauti katika uchunguzi wa tumbo, na mwaka 1971 mtambo wa Godfrey Hounsfield, unaojulikana sasa kama CT, ulipiga picha ya kwanza ya kichwa cha mgonjwa jijini London. Mitambo ya mwili mzima ilipofuata, jipu la soasi lilionekana waziwazi: ukubwa wake, kuta zake, na mara nyingi pingili, figo au utumbo ulioliletea usaha. Mwaka 1984 Mueller na wenzake wa Marekani walieleza namna ya kulitibu kwa mrija mwembamba unaoingizwa kupitia ngozi kwa kuongozwa na picha ya CT. Tundu dogo la Abernethy lilikuwa limerudi, safari hii likiwa na macho.

Miaka miwili baadaye Ricci na wenzake walichapisha mapitio ya visa 367 vilivyokuwa vimeripotiwa duniani tangu wakati wa Mynter. Matokeo yake yamenukuliwa mara nyingi: jipu la awali lilikuwa asilimia 99.5 ya visa vya Asia na Afrika, asilimia 61 ya visa vya Marekani na Kanada, na asilimia 18.7 ya visa vya Ulaya. Vifo vilikuwa takriban asilimia 2.4 katika jipu la awali na asilimia 19 katika jipu fuatizi.

Takwimu hizo zinahitaji kusomwa kwa uangalifu wa mwanahistoria. Zipo sababu za kukubali kwamba tofauti ilikuwa ya kweli kwa sehemu. Usaha wa misuli wa nchi za joto upo na umethibitishwa, na ugonjwa wa Crohn, uliokuwa chanzo kikuu cha majipu fuatizi huko Ulaya, haukuonekana sana barani Afrika. Lakini mambo matatu yanazuia takwimu hizo kuchukuliwa kama ramani ya ugonjwa. Kwanza, zilitokana na visa vilivyochapishwa; hazikuwa hesabu ya wagonjwa waliofika hospitalini. Pili, kiwango cha asilimia 99.5 hakipatani na wingi wa kifua kikuu cha uti wa mgongo katika mabara hayohayo. Majipu ya Ibadan, Bulawayo na Hong Kong yaliingia katika machapisho chini ya jina la mgongo, na ni rahisi kuona jinsi yanavyoweza kukosekana katika hesabu inayotafuta jina la msuli. Tatu, kusema kuwa jipu halina chanzo jirani kunahitaji chanzo hicho kiwe kimetafutwa. Palipokuwa na CT, chanzo kilitafutwa. Pasipokuwa nayo, neno la awali lilijaza pengo.

Athari yake haikuishia katika uainishaji. Takwimu zilezile zinaonyesha kuwa jipu fuatizi liliua karibu mara nane zaidi. Mgonjwa aliyewekwa katika kundi la awali kwa sababu tu hakupimwa alipoteza tiba ya chanzo chake, na jina alilopewa lilimtuliza tabibu.

Utafiti wa mwaka 1996 kutoka kaskazini mwa Uganda uliongeza uzito wa hoja hii kutoka upande usiotarajiwa. Ansaloni na wenzake walionyesha kiwango kikubwa cha maambukizi ya virusi vya UKIMWI miongoni mwa wagonjwa wenye usaha wa misuli. Hata jipu lililokosa chanzo katika kiungo cha jirani lilikuwa na kitu kilichotangulia: kinga iliyodhoofika. Uawali wake ulikuwa wa mahali tu.

8.0 Hitimisho

Historia iliyojadiliwa inatoa mahitimisho matatu. La kwanza ni kwamba ubora wa kisu haukutosha peke yake. Abernethy alipunguza madhara ya kufungua jipu na Lister akayapunguza zaidi, lakini mgonjwa wa kifua kikuu cha pingili alianza kupona kwa uhakika pale dawa ilipokifikia chanzo. La pili ni kwamba mgawanyiko wa miaka ya 1880, kati ya jipu baridi na jipu la ghafla, ulibaki kuwa msingi wa uamuzi wa tiba hata baada ya dawa na picha kuja. Katika jipu baridi dawa hutangulia na usaha hutolewa kwa sababu maalumu. Katika jipu la ghafla usaha na dawa havingojani.

La tatu linawahusu watafiti wa kumbukumbu za hospitali za Afrika Mashariki. Neno jipu la awali linapokutwa katika daftari la wodi au ripoti ya upasuaji, lisomwe pamoja na swali la vipimo vilivyokuwepo siku lilipoandikwa: je, pingili zilipigwa picha, usaha uliotesheshwa katika maabara, na makohozi au damu vilichunguzwa? Pasipo majibu hayo, neno hilo haliwezi kuhesabiwa kama utambuzi uliokamilika. Linaonyesha mahali ambapo uchunguzi ulikoma, na mgonjwa aliyeandikiwa neno hilo alirudi nyumbani akiwa na kovu kiunoni, huenda na chanzo cha usaha kikiwa bado mwilini mwake.